Mwaka Waliotaka Kunitengeneza

Wanjiku amezikwa Alhamisi iliyopita, Erdington, hapa Birmingham, na mchungaji amesema jambo lisilo kweli juu ya jeneza lake. Sisemi alikusudia. Ni kijana, suti imemkaa, sauti yake nzuri, na aliyoyasema kayapata kwa watu. Alisema dada yetu alipofika nchi hii alikuwa binti aliyeharibika, na Mungu akaitumia nyumba moja ya akina mama wema wakamtengeneza, ndipo akawa muuguzi tuliyemjua sote. Kanisa zima likaitikia amina. Mie nilikuwa benchi la nyuma kabisa, mtandio wangu kichwani, Muislamu peke yangu mle ndani, na mjukuu wangu Leila akanishika mkono kwa sababu aliona nimeanza kuinuka. Akaninong'oneza kwa Kiingereza kwamba niache, hapa si pahala pake. Nikaacha. Baadaye tulikula ukumbini, chapati na mbuzi na kabeji, Wakenya walipika vizuri, na wanawake waliofanya kazi na marehemu wodini wakanijia mmoja mmoja kuniuliza nilimjulia wapi. Nikawajibu, katika nyumba hiyo hiyo ya kutengenezwa. Wakacheka, wakidhani natania.

Kwa hiyo nakaa kuandika. Skuli nilifika darasa la nne, na sikuwahi kuona haya kwa hilo. Naandika kwa mkono na Leila ananipigia kwenye kompyuta. Yeye kazaliwa hapa Birmingham, Kiswahili anakielewa chote lakini kujibu hujibu kwa Kiingereza, na akifika pahala pagumu huniita kutoka chumba cha pili. Nilivyofika Uingereza, nani aliniacha na mimba na kwa nini, hayo hayamo humu. Anayeyataka atanisamehe. Itoshe kujua kwamba mwishoni mwa mwaka wa sabini na moja nilikuwa msichana wa Kizanzibari wa miaka ishirini na mbili, sina mume, tumbo liko juu, na bibi mmoja wa hospitali akanipeleka kwa gari kwenye nyumba kubwa ya matofali mekundu, akanambia hapa wanawake huzaa na kupumzika. Nilimwelewa hayo maneno mawili, kuzaa na kupumzika, nikashukuru. Kwetu mwanamke akikaribia kuzaa anakwenda kwa mama yake. Nilidhani Waingereza, kwa kuwa wanaishi mbalimbali, wamejenga nyumba moja ya mama wa wote.

Watu hushangaa kwamba mzee kama mie nakumbuka kila jina. Noreen kutoka Ireland, nywele nyekundu. Pauline wa Lozells, wazazi wake Wajamaika, mcheshi wa nyumba nzima. Sheila, Brenda, Maureen wawili, mmoja mnene mmoja mwembamba. Nayakumbuka kwa sababu mle ndani hayakutumika. Metroni wetu, Miss Dutton, alikuwa na kawaida ya kumpa kila anayeingia jina jingine, ati ni kwa kutusitiri. Noreen akawa Anne. Mie Mwanakheri nikawa Mary, na hakunisitiri kitu, kwa sababu Mary mweusi tulikuwa na mmoja tu. Wanjiku akaitwa Ruth. Usiku wake wa kwanza, taa zikishazimwa, alisema kutoka kitanda cha dirishani, kwa Kiswahili, akijisemea mwenyewe, "Ati Ruth. Ruth wa nani sasa." Nikakaa kitako kitandani. Nikamwambia, "Bibi weye, rudia tena." Akasema, "Wee. Kumbe kuna mtu." Tukaambiana majina yetu ya kweli, na kuanzia hapo nikaanza kumwuliza kila mtu jina lake la kweli, kwenye ngazi, kwenye foleni ya choo, nikilirudia mpaka nilitamke sawa. Metroni aliponisikia namwita Noreen kwa jina lake jikoni alinikataza. Nilijibu ndiyo, Metroni, nikaendelea.

Ile nyumba ilinuka kabeji na sabuni. Chumba cha kulia kilikuwa na meza mbili ndefu na picha ya malkia, na tulikula kwa kengele. Asubuhi uji usio na sukari, mchana viazi na kabeji iliyochemshwa mpaka imekata tamaa, jioni mkate na siagi, na Jumapili soseji za nguruwe ambazo sikuzigusa, na Pauline akawa anakaa kando yangu kila Jumapili kwa upendo mkubwa. Kazi yetu ilikuwa chumba cha kufulia, chini kwenye ghorofa ya ardhini, masinki ya mawe na mvuke, mashuka ya nyumba na mashuka ya watu wa nje. Metroni alisema kazi inamtuliza msichana. Wanjiku, ambaye alikuja kusomea uuguzi na alijua Kiingereza cha vitabu, alisema kwa sauti ya chini, "Hawa wakitutuliza zaidi tutalala kama maiti." Alikuwa na ulimi, lakini aliutumia kwa Kiswahili tu. Kwa Kiingereza alikuwa mpole, ndiyo Metroni, asante Metroni. Nilimwuliza kwa nini. Akasema, "Mimi nataka kurudi shule yangu ya uuguzi, Mwana. Hiyo barua ya kunirudisha ni huyu mama ataandika. Wewe ongea vile unataka, mimi siwezi."

Nilijifungua binti hospitali, Januari, na nikampa jina Zuhura. Wanjiku alipata mtoto wa kiume wiki ile ile. Tukarudishwa nyumbani kwa Miss Dutton na watoto wetu, na hapo ndipo pakatokea kosa ambalo sidhani kama mtu asiye wa pwani yetu angeweza kulifanya. Metroni aliniita, akanikalisha, akanieleza polepole kwa Kiingereza na vidole. Wiki sita, akasema, wewe na mtoto ndani, unanyonyesha, unapumzika. Baada ya wiki sita, Jumanne, wewe unatoka. Bibi mmoja mzuri anakuja kwa ajili ya mtoto, analeta nguo mpya nyeupe. Nikahesabu zile wiki kichwani, na machozi yakanitoka kwa furaha, kwa sababu ilikuwa arobaini. Kwetu mzazi hukaa ndani siku arobaini, anakandwa kwa maji ya moto, ananyweshwa uji wa pilipili manga, hafui, hapiki. Siku ya arobaini hutolewa nje yeye na mwanawe, mtoto ananyolewa nywele za tumboni, anavishwa nguo mpya, na huja mama mmoja mwenye heshima zake kumpakata. Nikasema moyoni, tazama, na hawa watu wanayo arobaini, tena wamenitafutia na mtu wa kumtoa mwanangu. Nikamjibu Metroni ndiyo, ndiyo, asante. Nikamwonyesha kwa vidole mkasi juu ya kichwa cha Zuhura, kumwuliza kama na nywele zitakatwa. Uso wake ukalainika, akanishika bega. Akasema bila shaka, Mary, unaweza kukata nywele kidogo, wasichana wengi hufanya hivyo. Sikujua kwamba alidhani naomba kipande cha nywele cha kubaki nacho.

Basi nikawa msichana mwema wa nyumba. Metroni aliwaambia wageni wa kamati kwamba Mary ana akili, Mary kaelewa, Mary halii. Na mie najichekea. Nilishangaa kidogo kwamba mzazi wa arobaini anatiwa kufua mashuka, nikasema labda ndiyo desturi yao. Niliona magari yakija. Niliona mabibi wenye kofia wakiondoka na watoto waliofungwa kwa sufi nyeupe, nikadhani ni mashangazi, na mama mtu akitoka saa moja baadaye kwa mlango wa nyuma na begi lake, nikadhani anawafuata. Noreen siku yake alilia mpaka akatapika kwenye sinki, nikamfuta uso nikamwambia utatuona tena, Noreen, Birmingham si kubwa. Nilidhani analia kwa kutuaga sisi. Akanitazama vile mtu anavyomtazama mtoto. Wanjiku hakusema kitu. Palikuwa na amri kwamba hayo hayazungumzwi vyumbani, na yeye, kama alivyonambia baadaye, alidhani najua yote na nimekaza roho. Alikuwa akinistaajabia.

Ilipofika Februari mgomo wa wachimba makaa wa nchi nzima ulikuwa umekolea, na umeme ukawa unakatwa kwa zamu, mtaa huu leo asubuhi, ule jioni. Ndipo Bibi Lacey, mwenyekiti wa kamati, mwanamke mrefu wa meno makubwa na si mbaya wa moyo, akaamua kutuletea sinema. Alikuwa nayo kwenye mikebe ya bati. Marehemu baba yake alikuwa akiionyesha kwenye kumbi za kanisa zamani, sinema zilipokuwa bubu, watu wanafumbua midomo na sauti haitoki, halafu maneno yanaandikwa kwenye ubao mweusi. Alisema inatufaa sana, kwa sababu hata wasiojua Kiingereza wataifuata. Akanitazama mie na tabasamu. Wakafunga mapazia chumba cha kulia Jumamosi mchana, mlinzi wa nyumba akatengeneza mashine juu ya vitabu vya nyimbo, Bibi Lacey akakaa kwenye piano kutupigia, na sisi wasichana kumi na kitu kwenye mabenchi, wengine na matumbo, wengine na maziwa yanavuja kwenye blauzi. Watoto walikuwa juu, wamelazwa.

Sinema yenyewe ilikuwa ya mwanamke wa kiwandani. Wanjiku alikuwa akinisomea ule ubao. Mwanamke anafunga makopo kiwandani, anacheka na wenzake, jioni anakwenda kwenye kilabu cha pombe na kucheza, mguu juu. Pauline akapiga makofi, Metroni akamkoholea. Mwanamke ana mtoto mchanga kwenye kreti la machungwa, chumba chake kina kitanda na birika tu. Nikasema, "Chumba kisafi lakini." Wanjiku akasema, "Nyamaza basi nisome." Akaja bibi mwenye kofia ya manyoya, kamtazama mwanamke, kamtazama mtoto, kashika leso puani. Ubao ukatoka. Wanjiku akasoma, akasita. "Inasema huyu mama mkubwa anataka kum... sijui nisemeje. Kumtengeneza."

"Kumtengeneza? Kwani kavunjika?"

"Si kuvunjika. Tabia. Awe mtu mzuri."

"Wanjiku, redio hutengenezwa. Kiti hutengenezwa. Mtu anatengenezwaje?"

"Wewe si uangalie tu, utaona."

Nikaangalia. Mwanamke anapiga magoti anasugua sakafu ya yule bibi. Nywele zake zimefungwa sasa. Hacheki. Anasoma kitabu cha dini mbele ya dirisha. Bibi Lacey piano yake ikawa ya pole, ya kanisani, na msichana mmoja nyuma yetu akaanza kupenga kamasi. Halafu gari likasimama mlangoni, farasi wawili, akashuka bibi mwingine, kijana, na mumewe mwenye fimbo, na nguo nyeupe mkononi. Nikamgusa Wanjiku kwa kiwiko, nimefurahi. "Huyu ndiye wa kumtoa mtoto. Kumbe na zamani walifanya." Yule bibi kijana akampokea mtoto, akambusu, akapanda naye garini. Mwanamke wa kiwandani akabaki mlangoni, mikono imekunjwa kifuani, anatabasamu na machozi yanamtoka. Gari likaondoka. Nikangoja naye apande. Hakupanda.

"Anampeleka wapi?" nikauliza.

"Kwao."

"Atamrudisha saa ngapi?"

Wanjiku akageuka. Mwanga wa ile sinema ulikuwa unamchezea usoni, mweupe, mweusi, na nilimwona akielewa jambo kabla yangu. Akasema taratibu sana, "Mwana. Wewe ulidhani huyo mama wa Jumanne anakuja kufanya nini na mtoto wako?"

"Kumtoa. Arobaini yake."

"Arobaini ni nini?"

Nikamweleza. Maneno matatu tu, kichwa, nguo, kutoka, na nilipokuwa nasema niliyasikia yanavyolia. Yeye kwao Nyeri hawana hilo, asingeweza kujua. Akanishika mkono akaubana mpaka ukaniuma. "Wanachukua, Mwana. Wanachukua kabisa. Anapewa jina ingine na hutamwona. Ulisema ndiyo. Huyo Dutton anaambia kila mtu ulisema ndiyo." Na hapo umeme ukakatwa.

Mashine ikalia ikanyamaza. Giza la mapazia, mchana, harufu ya vumbi lililoungua juu ya taa. Bibi Lacey akapiga noti mbili zaidi kabla hajajua. Juu tukasikia watoto wanaanza kulia, mmoja anamwamsha mwingine, na kati yao nikamjua wangu. Metroni akasema tukae, tukae tu, mlinzi analeta mishumaa. Sauti ya Pauline ikatoka gizani: sasa inaishaje? Bibi Lacey akajibu kwa sauti yake ya upole kwamba mwisho wake mzuri sana. Yule mwanamke anapita siku moja kwenye nyumba kubwa, theluji inaanguka, anamwona mtoto wake dirishani na ukosi mweupe, anashukuru, anakwenda zake kazini. Ametengenea.

Nilisimama. Sikupanga kusimama. Kiingereza changu kilikuwa cha vipande, na nilikisema chote nilichokuwa nacho, na hivi ndivyo kilivyokuwa: "Hapana. Yeye kwenda nyumba kubwa. Yeye gonga mlango. Yeye sema, leta mtoto wangu. Yeye chukua mtoto, yeye kwenda." Pauline akauliza, kwenda wapi? Nikasema, "Sijui. Yeye kwenda." Mtu mmoja akaanza kupiga makofi, polepole, nadhani ni Maureen mwembamba, na wengine wakafuata, gizani, wasichana wasioonana nyuso. Metroni akasema inatosha, kwa sauti ambayo sijamsikia nayo kabla. Nikatoka nikigusa ukuta, nikapanda ngazi kwa ile njia ya kilio cha mwanangu.

Jumatatu nikaitwa ofisini. Wanjiku aliitwa aje kufasiri, na hilo nimelifikiria miaka hamsini, kwa sababu yeye barua yake ilikuwa bado haijaandikwa, na mwanawe alikuwa achukuliwe wiki ile ile. Metroni hakuwa mkali. Laiti angekuwa mkali. Alikuwa na chai mbele yake na uso wa mtu aliyechoka, akasema yule bwana na bibi wameshatayarisha chumba, wamepaka rangi. Akauliza nitaishi wapi, nani atampangisha mwanamke mweusi mwenye mtoto na asiye na pete. Nitafanya kazi gani na mtoto kifuani. Kila swali Wanjiku alinigeuzia sawasawa, hakuongeza, hakupunguza, na kila swali lilikuwa la kweli. Nikasema, "Mwambie sijui." Akamwambia. Nikasema, "Mwambie nilisema ndiyo ya arobaini, sikusema ndiyo ya kumpa mtu mwanangu." Hapo Wanjiku alihangaika sana, akaeleza kwa muda mrefu, na nikaona Metroni akikumbuka ule mkasi wangu, rangi ikampanda shingoni. Akatazama chai yake. Halafu akasema jambo fupi.

"Anasema wao walikuwa wanajaribu tu kukutengeneza," Wanjiku akasema.

"Mwambie mie si kiti."

Wanjiku akamwambia. Metroni akashtuka, akasimama, akanisogezea kiti. Alidhani nalalamika nimesimamishwa. Sisi wawili tukatazamana, Wanjiku na mie, na tukacheka, tukacheka mpaka Wanjiku akashika meza, na Metroni kasimama na kile kiti mkononi hajui akirudishe au akiache. Sikukikalia. Nilisema kwa Kiingereza changu mwenyewe kwamba Zuhura ni wangu, Jumanne natoka naye. Hakuna sheria ya kunizuia na alijua, ila wasichana hawakuwa wakiambiwa.

Usiku ule Wanjiku alimnyonyesha mwanawe dirishani, na nilimwambia twende wote. Alikataa kabla sijamaliza. "Mimi nimefikiria tangu Nairobi, Mwana. Nikirudi na mtoto, shule imeisha, na nyumbani kuna watu saba wananingojea. Nimeamua. Usinihurumie." Sikumhurumia. Nataka waliokuwa kanisani Alhamisi walisikie hili vizuri. Wanjiku hakuharibika na hakutengenezwa na mtu. Alipima mwenyewe, kwa kichwa chake, akiwa na mtoto titini, akachagua lililomkata maini, na akalibeba wima mpaka kaburini. Alisoma akamaliza, akawauguza watu wa mji huu maisha yake yote, na kila mwaka Zuhura akitimiza mwaka mwingine alikuja kwangu na keki, akala kipande kimoja, akaenda zake mapema. Nilijua anakwenda kulilia tarehe ya nani. Na ushuhuda aliotoa kanisani uzeeni, huo waliouokota wakaugeuza, mie nilikuwepo, alinialika mwenyewe: alisema, "Nilikuwa na mtoto wa kiume, nilimwita Kamau." Ndilo jambo alilotaka lisikike. Wao wamekamata mengine.

Jumanne nilimfunga Zuhura kifuani kwa khanga, nikavaa juu yake koti nililopewa hospitali, nikafunga vifungo vilivyofungika. Wasichana hutoka mlango wa nyuma. Nilipita ukumbini nikatoka mlango wa mbele, na Bibi Lacey alikuwa ndiyo anaingia na yule bwana na bibi wa kumchukua mwanangu. Bibi mwenyewe alikuwa mdogo kuliko nilivyomdhania, macho mekundu, kabeba sweta nyeupe aliyoifuma mwenyewe. Hakuna aliyekuwa amemwambia kwamba nimekataa. Alimtazama Zuhura, kichwa chake tu kilichokuwa kinaonekana, akaninyooshea ile sweta. Sikuipokea. Huenda leo ningeipokea, sijui. Siku ile ningepokea hata uzi mmoja ningeanguka. Wanjiku alinibebea begi mpaka kituo cha basi, bila ruhusa, bila koti. Basi lilipokuja alisema, "Enda. Usiangalie nyuma, kuna baridi, mtoto ataumwa," na akageuka yeye kwanza.

Ukweli ni kwamba palikuwa na pahala pamoja pa kwenda, na ndipo nilipokuwa nikipaogopa kuliko kwa Metroni. Sparkbrook, nyuma ya Ladypool Road, aliishi Bi Rukia, Mzanzibari mwenzetu, mjane, nyumba yake ndiyo iliyokuwa ukumbi wa wanawake wetu wachache wa mji huu. Mimba yangu ilipoanza kuonekana, ni humo humo walimoinong'ona. Nilisikia kwa masikio yangu nikivua viatu mlangoni. Sikwenda tena. Ile nyumba ya matofali mekundu nilikuwa nimeikubali pia kwa sababu hiyo: ilikuwa mbali na macho yao. Waingereza walinitaka nitubu kwa kumtoa mtoto, na watu wangu walinitaka nijifiche naye. Ndani ya basi, Zuhura kalala na joto lake tumboni pangu, nilianza kuona kwamba hayo mawili ni jambo moja, na kwamba nikilikataa moja sina budi kulikataa na la pili, siku hiyo hiyo, kabla nguvu hazijaniisha.

Nilibisha mlango. Akafungua binamu yake, akaniona, akafumba mdomo kwa mkono. Nikampita. Chumba cha mbele kilikuwa na joto la heta ya mafuta ya taa, mkeka umetandikwa, wanawake sita wamekaa duara kwenye sinia ya wali, Bi Rukia katikati amekunja mguu mmoja. Mishumaa iliwashwa, zamu ya giza ilikuwa yao. Nikafungua vifungo vya koti ili wamwone vizuri, mtoto mzima, mashavu haya. Nikasema asalaam aleikum. Waliitikia wawili. Mmoja wao, Bi Fatuma, mke wa mwenye duka la vitambaa, akalamba kidole chake akauliza kwa sauti tamu, "Wa aleikum salaam, mwanangu. Na huyu baba yake nani?"

"Mama yake ni mie," nikasema.

"Nimekuuliza baba."

"Nimekusikia, Bi Fatuma. Mama yake ni mie, jina lake Zuhura, na tuna njaa."

Nilikuwa nimeshaamua kwamba wakinifukuza nitakaa kwenye ngazi ya nje mpaka waone haya wao, na nadhani uso wangu ulionyesha. Bi Rukia alinitazama tangu viatu mpaka mtandio, hakuharakisha, vile anavyotazamwa mtu anayeuza kitu. Halafu akanyoosha mkono, akalivuta lile sinia upande wangu.

"Hamkumsikia?" akawaambia wenzake. "Ana njaa. Sogeeni."

Wakasogea.